Waliolala Njiani Hawakuwa Wavivu

Nilimwahidi mzee mmoja wa Ng'ambo, mtaa wa mjini Tabora, kwamba katika shairi lake halitakatwa hata neno moja. Nilikuwa nimeketi juu ya debe lililopinduliwa barazani kwake, naye alikuwa akilehemu mdomo wa kibatari. Niliahidi upesi, kwa wepesi wa mtu ambaye hajawahi kuvunja ahadi kubwa. Akaniuliza mara ya pili bila kuinua macho kwenye kazi yake.

"Hata matusi?"

"Hata matusi, babu."

"Na huyu Mzaramo wa baraza ya pili ataachwa anijibu? Maana nikisema peke yangu nitaonekana mwendawazimu."

"Atakujibu. Sauti zenu zote mbili zitasikika."

"Haya. Umesema mwenyewe, sikukulazimisha."

Naandika haya nikiwa na hasira. Rafiki zangu wamenishauri ningoje ipoe ndipo nishike kalamu, lakini kila siku ninayongoja, nakala za filamu iliyotokana na shairi hilo zinazidi kuzunguka mikoani, na kila zinapoonyeshwa watu wanacheka. Kwa hiyo sitangoja.

Nilikuwa nimerudi nchini baada ya kusomea filamu miaka miwili katika chuo cha nchi rafiki. Nikaajiriwa na ofisi moja ya filamu yenye makao Dar es Salaam, nikapewa gari, dereva, kamera na kinasa sauti, nikapangiwa mikoa ya magharibi. Kazi yangu ilikuwa kupiga picha visima vipya, madarasa mapya na mashamba ya tumbaku ya vijiji vya ujamaa. Niliiamini kazi hiyo na bado naiamini. Nilipomwona mama wa miaka hamsini akiandika jina lake kwa mara ya kwanza ubaoni, nilishika kamera huku machozi yakinitoka, na sioni haya kusema hivyo. Ninayemkasirikia hapa si mtu aliye nje ya nyumba yetu. Ndiyo maana hasira yenyewe ni kubwa.

Mzee yule nilimfahamu kwa sababu ya kibatari. Nyumba ya wageni niliyofikia ilikuwa na umeme wa kubahatisha, nikaelekezwa kwa fundi bati wa Ng'ambo. Kabla sijafika barazani kwake nilisikia ugomvi.

"Ewe Mnyamwezi," bibi mmoja alikuwa akisema kutoka baraza ya pili, ungo wa mchele mapajani, "kichwa chako kimekaa bapa kama meza. Masanduku ya Wazungu yalikitengeneza vizuri."

"Na wewe uliletwa hapa na treni," fundi akajibu, "kwa sababu miguu ya Mzaramo haijui kazi nyingine ila ngoma."

"Nililetwa na mume mwenye cheo cha reli! Wewe nani alikuleta duniani? Hata mkunga alidhani ni mzigo, akakutua chini."

Nikacheka. Mzee akanigeukia, uso umekunjamana.

"Wewe unacheka nini? Kabila gani?"

Nikamtajia.

"Basi wewe si mtani wetu. Funga mdomo, sema shida yako."

Msomaji wa nchi hii sina haja ya kumfundisha utani. Wanyamwezi na Wazaramo ni watani tangu enzi za misafara, wapagazi wa huku walipokuwa wakiteremka na pembe hadi pwani na kukaa miezi kwa wenyeji wao. Lakini nataka kila mtu akumbuke kazi ya mtani msibani, kwa sababu kila kitu nitakachosimulia kinategemea jambo hilo. Wafiwa wakiwa wamenyamaza, mtani huingia akimsema marehemu. Humwita mvivu, mlafi, mtu aliyelala mchana ili akwepe deni. Atazuia hata jeneza lisitoke. Hakuna anayekasirika, kwa sababu kila aliyepo anajua kwamba maiti asiyetukanwa na mtani wake ni maiti aliyezikwa kama mgeni, na wenye msiba hubaki na kitu kifuani kisichoshuka.

Mzee alikuwa na kitu hicho kifuani tangu ujana wake.

Wakati wa vita vya kwanza vya Wazungu, Wabelgiji walipoikaribia Tabora na Wajerumani wakawa wanarudi nyuma kuelekea kusini, yeye na mdogo wake walikamatwa na hao Wajerumani wabebe mizigo. Baba yao alikuwa mpagazi mwenye sifa. Alikwenda pwani kwa hiari yake akiimba, akarudi na nguo. Wanawe walifungwa kamba kiunoni. Mkubwa alipewa sanduku la risasi, mdogo akapewa kitanda cha kukunja cha ofisa mmoja. Mwezi mzima yule kijana alibeba kitanda mchana, na usiku alilala juu ya majani. Asubuhi moja, tumbo likiwa limemharisha siku nne, hakuamka. Mnyapara alimpiga teke mara mbili akisema, "Mvivu wewe, amka!" Kisha akamwita mtu mwingine akichukue kitanda. Msafara ukaondoka. Mkubwa naye akaondoka, kwa sababu kamba ilikuwa ikimvuta.

Hapakuwa na kaburi wala msiba, na mtani hakuwepo.

Mzee aliporudi Tabora alijifunza ufundi wa bati barazani kwa familia moja ya wafanyabiashara wa asili ya Kiarabu, ambako jioni zilisomwa tenzi. Akiwa anakata madebe alishika mizani ya tenzi hizo, akaanza kutunga shairi lake kichwani. Hakujua kuandika. Shairi lake halikumtaja mtu yeyote kwa jina. Wapagazi wa vita waliitwa kwa mizigo yao, naye aliwaita hivyohivyo: mwenye risasi, mwenye bafu la bati, mwenye mahema. Kila mmoja alipewa beti mbili. Katika ubeti wa kwanza mzee alimwamsha, na katika wa pili mtani alijibu. Bibi wa Kizaramo alipohamia Ng'ambo na mumewe wa reli, mzee alimpa beti za kujibu. Tangu hapo, kila mwaka kiangazi kinapokwisha, walikaa kila mtu barazani pake, wakalisema shairi lote tangu mwanzo hadi mwisho. Majirani walikuwa wakisimama kusikiliza. Mimi nalinukuu hapa kwa idhini aliyonipa zamani, kabla hajaacha kuniita mjukuu.

Yeye husema:

*Mwenye kitanda amka,*
*jua limeshachomoza,*
*wenzio wameondoka,*
*mvivu unatubeza.*

Bibi hujibu:

*Mwacheni huyo alale,*
*tumbo lake ni la pipa,*
*kazi kaiacha kule,*
*akaja kulala hapa.*

Siku ya kwanza nilipolisikia nilishtuka. Nikauliza, kwa sauti ya mtu aliyetoka chuoni, kwa nini amtukane ndugu yake mwenyewe.

"Simtukani mimi," mzee akasema. "Maneno hayo aliyasema mnyapara. Nimemnyang'anya. Nimempa huyu Mzaramo, yeye ana haki nayo."

Nilirudi nyumba ya wageni nikiwa nimeamua. Nilikuwa nimewauliza wanafunzi wa kijiji cha Ntalikwa habari za vita vile, wakanijibu kwa adabu kwamba vilikuwa vita vya Wazungu na havikutuhusu. Vijana wazima, wajukuu wa waliofungwa kamba! Nikasema nitalifanya shairi hili filamu. Litaonyeshwa katika kila kijiji gari letu linapofika, na vijana watajua kwamba vita ni kitu kinachokuja kukuchukua nyumbani kwako na kukutwika kitanda cha mtu mwingine.

Niliandika maombi. Katika fomu kulikuwa na swali: filamu itamfunza nini mwananchi? Nikajibu kwa ukamilifu, ukurasa mzima, kwamba itamfunza kuchukia vita. Fomu ilirudi bila muhuri. Wiki mbili baadaye mkuu wangu, ambaye pia ndiye aliyekuwa mhariri wa filamu zetu zote, alikuja Tabora kukagua kazi, tukazungumza juu ya chai.

"Ndugu," akaniambia, "wenzetu wa kusini wanapigania uhuru wao. Tunawapa ardhi, tunawapa chakula. Wewe unataka tuzunguke na gari la serikali tukiwaambia watu kwamba vita ni upuuzi?"

"Shairi halisemi juu ya mtu anayejipigania. Linasema juu ya mtu aliyebebeshwa vita vya wengine."

"Mwananchi atatofautisha?"

"Kwa nini asitofautishe?"

Akacheka kwa upole. Alikuwa mpole, na hilo ndilo lililonidanganya. "Andika upya," akasema. "Tafuta kitu kinachohusu maendeleo. Shairi lina watu wanaamshwa asubuhi, sivyo? Si umesema mvivu anaambiwa amka? Mbona limo tayari!"

Nilipaswa kukataa pale pale. Badala yake nilijiambia kwamba fomu ni karatasi, na filamu ndiyo itakayosema kweli. Nikaandika upya kwa mstari mmoja: *Filamu hii itawakumbusha vijana kwamba katika safari ya taifa mvivu hana nafasi.* Nilijiona mjanja. Muhuri ukapigwa, mikanda ikaletwa kwa treni.

Siku nne tulizopiga picha zilikuwa siku njema kuliko zote nilizofanya kazi. Kipande cha njia ya zamani ya misafara kilikuwa bado kinaonekana karibu na Ntalikwa, kimedidimia katikati ya mashamba kama mtaro mpana. Kijiji kilinipa vijana kumi na wawili wa mgambo. Niliamua wavae nguo zao za kila siku, kaptura na kandambili za matairi, ili kijana anayetazama ajione yeye mwenyewe amebebeshwa. Mzee alikataa kukaa mjini. Tulimchukua kwa gari pamoja na bafu la bati alilolifua kwa kumbukumbu, kitanda cha turubai alichokiunda mwenyewe, na bibi, aliyesema amekuja kuhakikisha Mnyamwezi hatoroki.

"Shingo!" mzee alikuwa akipiga kelele. "Shingo isimame! Hicho ni kitanda cha bwana mkubwa, si maharage ya mama yako!"

"Babu, kinaumiza," kijana mwenye kitanda akalalamika.

"Kinaumiza! Umekibeba tangu chai. Tembea."

Bibi akadakia, "Mwonee huruma, mtani. Vichwa vya siku hizi ni laini, vimezoea kofia."

Tulipofika mahali pa kulala na kufa, vijana waliniomba rangi nyekundu. Mmoja alikuwa amekwisha kuchagua mahali pa kupigwa risasi, kifuani upande wa kushoto. Mzee akamtikisia kichwa.

"Damu ya nini? Ndugu yangu hakutoka damu. Alikaa, akaegemea, akalala. Lala."

Nikasema hivyo ndivyo itakavyokuwa. Hakutakuwa na damu wala jeraha, wala mtu wa kupaza sauti. Chuoni nilikuwa nimefundishwa kwamba kifo kikionyeshwa kwa utulivu humwingia mtazamaji zaidi, na hapa ukweli na mafunzo yangu vilikubaliana. Basi wakalala kandokando ya njia, mizigo imewaangukia, inzi wakiwatembelea usoni, nami nikawapiga picha mmoja mmoja kwa karibu, polepole. Jua lilikuwa zuri. Wawili walisinzia kweli, na mmoja akakoroma hadi bibi akamrushia kijiti.

Sauti tuliirekodi siku iliyofuata barazani Ng'ambo, maana kamera yetu haikuwa na uwezo wa kunasa sauti. Picha zilikuwa kwenye mikanda yake, sauti kwenye ukanda wake, na mhariri Dar es Salaam ndiye angevioanisha. Mzee na bibi walisema shairi lote mara moja tu, bila kukosea. Walipofika ubeti wa mwisho, ambao mzee huusema peke yake, bibi aliweka ungo chini.

Nilitaka kusafiri na mikanda. Ikaja amri kwamba niende Kaliua, nikapige picha tumbaku ya vijiji ikipakiwa pale reli ya Mpanda inapoachana na ya Kigoma. Nikatuma kifurushi kwa treni. Na hapa ndipo penye jambo ambalo nimelitafakari kuliko yote: ndani ya kifurushi sikuweka hata ukurasa mmoja wa kueleza utani. Niliuandika, kisha nikautoa. Niliogopa kwamba nikieleza kuwa lile ni shairi la msiba, mkuu ataona kuwa fomu yangu ilikuwa ya uongo, atasimamisha kazi. Nikadhani sauti ya mzee itajieleza yenyewe.

Filamu ilirudi baada ya miezi mitatu. Tukaionyesha katika jumba la maendeleo, alasiri, madirisha yamezibwa kwa mablanketi. Watu walijaa hadi mlangoni. Mzee aliketi mstari wa mbele, kanzu imepigwa pasi, bibi pembeni yake na khanga mpya. Walikuja pia vijana wa mgambo kutoka Ntalikwa, wakigombania nafasi ya kujiona.

Ilianza kwa bendi ya tarumbeta. Kisha ikaja sauti nene ya msomaji wa Dar es Salaam: "Katika safari ya taifa, mvivu hana nafasi."

Ilikuwa sentensi yangu. Niliisikia ikitoka kwenye spika, ile niliyoiandika kwenye fomu.

Pakatokea vijana wakitembea na mizigo, dakika moja, haraka haraka. Halafu wakatokea wamelala. Maiti wangu, waliolala kwa utulivu nilioutaka mimi, bila damu, kandokando ya njia, mchana, katika jua zuri. Juu yao ikapaa sauti ya mzee: *Mwenye kitanda amka, jua limeshachomoza.* Msomaji akaongeza: "Hawa ndio wanaorudisha nyuma kijiji." Picha ikakatika, trekta likapita likilima.

Jumba zima likaangua kicheko.

"Amka wee!" mtu akapiga kelele kutoka nyuma. "Ukapalilie!"

"Angalia huyo, mate yanamtoka!"

"Mpeni na mto!"

Wakaonyeshwa tena, mmoja baada ya mwingine, na kila mmoja akapata tusi lake kwa sauti ya mzee na kicheko chake kwa sauti ya watu. Majibu ya bibi hayakuwemo hata moja. Alingoja mara ya kwanza, akangoja mara ya pili. Mara ya tatu alisimama katika lile giza, akajibu mwenyewe kuanzia kwa mwenye kitanda, kwa nguvu, kama anavyojibu barazani:

"Mwacheni huyo alale, tumbo lake ni la pipa!"

"Bibi, kaa chini, unatuziba," kijana mmoja akasema.

"Kazi kaiacha kule—"

"Bibi! Tunaangalia!"

Alimaliza ubeti wake wote amesimama, huku msomaji akieleza habari za mbolea. Kisha akaketi.

Filamu iliisha kwa tarumbeta zilezile. Mablanketi yakafunguliwa, watu wakatoka wakicheka na kumtania yule kijana wa kitanda, ambaye alikuwa amekuja kwa fahari na sasa alikuwa anatafuta mlango. Mzee hakuinuka. Jumba lilipobaki karibu tupu alimwita dereva wangu, aliyekuwa akikunja nyaya za projekta.

"Ubeti wa mwisho uko kwenye mkanda mwingine?"

"Hakuna mkanda mwingine, mzee. Imekwisha."

"Haijaisha. Bado ubeti mmoja."

"Imekwisha, mzee."

Nilikuwa nimesimama hatua tano kutoka kwake. Alijua nipo, na hakunitazama.

Nilipanda treni ya kwanza kwenda Dar es Salaam. Usinitarajie nieleze safari. Nilikuwa nikiandaa hotuba tangu Tabora hadi stesheni ya mwisho, na hotuba yote iliishia katika dakika mbili, nimesimama mbele ya meza ya mkuu wangu. Akanisikiliza, kisha akafungua jalada akanionyesha fomu.

"Sentensi hii aliandika nani?"

"Mimi."

"Basi unanigombeza nini, ndugu?"

"Lile ni shairi la msiba! Yule mama uliyemkata ni mtani. Wale wamelala kwa sababu wamekufa."

"Wamekufa?" Alishangaa kweli. Nilimwona akishangaa. "Mbona hawana jeraha? Mimi nilidhani habari za vita umeziacha kama nilivyokuambia, umewanasa vijana wa kijiji wakijilaza mchana. Nikasema, kijana huyu ana jicho." Akalifunga jalada. "Mtani, umesema? Sikiliza. Mimi nimefiwa na baba, watani walikaa juu ya jeneza. Najua. Lakini ondoa maiti pale, matusi ya mtani yanabaki matusi. Ungeniandikia mstari mmoja."

Alikuwa na haki, na sitadai vinginevyo. Kosa la kwanza ni langu. Niliandika uongo kwenye fomu, nikaficha msiba ili nipate mikanda, na nilipoondoa damu nilisahau kuacha alama yoyote ya kumwambia mgeni kwamba hapa pana kifo. Mimi ndiye niliyemwondolea maiti.

Lakini baada ya dakika ile alikwisha kujua. Hapo ndipo hasira yangu inapoanza, na sioni itakapoishia. Nikamwomba azirudishe nakala. Akasema zimeshakwenda mikoani. Nikamwomba apeleke barua zisionyeshwe. Akasema filamu inapendwa, mikoa mingine mitatu imeiomba, watu wanacheka na ujumbe unafika.

"Ujumbe gani?" nikauliza.

"Ule ulioandika wewe."

"Sasa unajua kwamba wale ni marehemu."

"Mtazamaji hajui," akasema. "Haitamdhuru."

Watu wale walifungwa kamba na serikali ya kigeni, wakabebeshwa vitanda na mabafu, wakaharisha hadi kufa, wakapigwa teke na kuitwa wavivu. Ndugu mmoja akatumia maisha yake yote kulitoa tusi lile kinywani mwa mnyapara na kulikabidhi kwa mtu mwenye haki nalo. Sisi, watu huru, wenye kamera na nia njema, tukalirudisha kwa mnyapara. Tukampa na spika.

Niliporudi Ng'ambo mzee alinitolea kiti. Aliingia ndani mwenyewe, akaleta kiti cha wageni, akakipangusa.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba. Karibu, bwana ofisa."

Nilimweleza kila kitu, fomu na ukurasa nilioutoa kwenye kifurushi. Alisikiliza akikata debe. Nilipomaliza akasema, "Ahsante kwa kunijulisha," kwa sauti ya mtu anayezungumza na karani wa posta. Afadhali angenirushia mkasi. Nikasema nitaandika barua, nitaipigania. Akasema, "Vizuri, bwana ofisa."

Bibi alinifuata hadi kwenye gari.

"Kiangazi kimekwisha na hajalisema," akaniambia. "Nilikaa barazani nikangoja. Nimemwita punda, nimemwita kichwa cha meza, ananijibu 'ahsante, bibi.' Mimi! Ahsante! Akifa hivi, nitasimamaje msibani kwake nimtukane? Irudishe hiyo picha, baba. Wewe ndiye uliyeipeleka."

Nimeandika barua nne. Tatu hazikujibiwa, na ya nne ilijibiwa kwamba maoni yangu yamepokelewa. Nimeacha kazi katika ofisi ile na sasa nafundisha shule. Gari linaendelea. Mwezi uliopita mwanafunzi wangu mmoja aliyetoka likizo huko Nzega alinisimulia kwa furaha filamu ya kuchekesha waliyoonyeshwa kijijini, juu ya watu wanaolala njiani.

Ubeti uliokatwa ni huu:

*Wenye vita wamerudi,*
*vitanda vyao vizima,*
*ndugu yangu hakurudi,*
*hakulazwa kwa heshima.*

Filamu hiyo inaweza kufika kijijini kwako mwaka huu au ujao. Utaitambua kwa vijana wa kaptura waliolala kandokando ya njia, na sauti ya mzee inayowaamsha. Ninakuomba usicheke. Simama, hata wakikuambia unawaziba, uwaeleze walioketi karibu nawe kwamba vijana wale ni wapagazi waliokufa vitani, na kwamba anayewaamsha ni ndugu yao. Ukiweza, wasomee ubeti huu.